Vitabu vya picha na muziki kwa watoto wadogo: maswali yanayoulizwa mara kwa mara

Majibu haya yanawahusu watoto tangu kuzaliwa hadi PP2 (darasa la pili la elimu ya awali, baada ya PP1), wawe wako nyumbani, kwenye kituo cha malezi au chekechea. Mifano ni ya Nairobi, na vifaa vyote vilivyotajwa vinapatikana mtaani.

Mtoto aanze kuonyeshwa kitabu akiwa na umri gani?

Akiwa na wiki chache tu. Mtoto mchanga huona vizuri kitu kilicho sentimita 20 hadi 30 kutoka usoni pake, yaani kutoka kwenye titi hadi uso wa mama. Mwonyeshe picha moja kubwa yenye rangi zinazoachana waziwazi, mfano nyeusi juu ya nyeupe, na umwambie ni nini. Dakika mbili zinatosha. Akigeuza uso, ameshiba, mwache.

Kuelekea mwaka mmoja huanza kuonyesha kwa kidole. Hapo mtajie anachokionyesha yeye, hata kama wewe ulitaka mtazame kingine. Kati ya mwaka mmoja na nusu na miwili huanza kutaja mwenyewe, na hadithi yenye mwanzo na mwisho huifuata vizuri akikaribia miaka mitatu.

Anatafuna kitabu, anaruka kurasa, hatulii. Nifanye nini?

Mtoto wa miezi 8 hutumia mdomo kuchunguza kila kitu, na kitabu hakijapata msamaha. Mpe cha kurasa ngumu za kadi au cha kitambaa. Kilichobanwa kwa stepla usimwachie, pini zikilegea humezwa. Kuhusu kuruka kurasa, usishindane naye. Zungumzia ukurasa aliosimama, ukiwa wa tano au wa mwisho. Hadithi nzima haina maana kwake bado.

Wa miaka mitatu asiyetulia mara nyingi amesomewa maneno mengi kuliko anavyoweza kubeba. Ukurasa wenye mistari sita umemzidi. Mwambie kwa sentensi moja kinachotokea, kisha umwachie picha.

Nisome kila neno kama lilivyoandikwa?

Mara ya kwanza, ukipenda. Baada ya hapo kazi kubwa ni kumpa mtoto zamu. Mwaka 1988 Grover Whitehurst na wenzake huko Marekani walilinganisha watoto wa miaka miwili waliosomewa kwa kawaida na wale ambao wazazi wao walifundishwa kuuliza, kungoja na kuongezea majibu. Baada ya mwezi mmoja tu, kundi la pili lilikuwa mbele katika lugha. Tangu hapo mbinu hiyo imejaribiwa katika nchi nyingi.

Tuseme picha inaonyesha mwanamke kando ya barabara, ana beseni la ndizi, na mbuzi ananyemelea kwa nyuma.

"Unaona nini hapa?"
"Mbuzi."
"Eeh, mbuzi mweupe. Anataka nini?"
(Kimya.)
"Ndizi!"
"Anataka kuiba ndizi za mama! Hebu sema: mbuzi anataka ndizi."

Msomaji hakusema mengi. Aliuliza, alingoja, akalipokea jibu, akaliongezea neno moja mawili, kisha mtoto akarudia sentensi iliyonenepa. Hapo kwenye kimya ndipo watu wazima wengi hukosea. Sekunde moja ikipita tunajijibu wenyewe. Hesabu kimoyomoyo hadi tano. Mtoto anatafuta neno, analipanga, kisha analitoa, na hiyo ni kazi.

Maswali ya "ni nini hiki?" pekee yanachosha na hugeuka mtihani. Changanya. Mwachie amalizie mstari anaoujua ("Mbuzi akakimbia mpaka..."), muulize kwa nini, muulize kama ameshawahi kuona mbuzi akila taka pale steji ya matatu. Maswali matatu manne kwa kitabu kizima yanatosha. Ukiuliza kila ukurasa hadithi inakufa.

Kila siku anataka kitabu kilekile. Nimkatalie?

Usimkatalie. Neno jipya halishiki kwa kusikika mara moja, na kitabu kinachorudiwa humpa neno hilo mahali palepale, na picha ileile. Ukichoka, badilisha zamu: yeye akusomee wewe kutoka kwenye picha.

Nyumbani tunaongea Kikamba, nje Sheng, shuleni Kiingereza. Nimsomee kwa lugha gani?

Kwa ile unayoimudu bila kutafuta maneno. Mtoto anahitaji sentensi ndefu, zenye sababu na matokeo, na mzazi hawezi kuzitoa kwa lugha anayoibabaisha. Msamiati wa hadithi na mazoea ya kusikiliza atakavyopata kwa Kikamba atavihamishia kwenye Kiswahili na Kiingereza. Kuchanganya lugha hakumcheleweshi mtoto kuongea. Atapitia kipindi cha kuweka maneno ya lugha mbili kwenye sentensi moja, jambo ambalo wakubwa wa Nairobi pia hawajaliacha.

Kitabu cha Kiingereza unaweza kukisimulia kwa Kiswahili kwa kufuata picha. Vilivyo bora kwa kazi hii ni vile visivyo na maneno kabisa, maana bibi asiyejua kusoma anaweza kuvisimulia pia, na mara nyingi atakushinda.

Nitajuaje kitabu kizuri?

Tazama kama picha inasema kitu ambacho maneno hayasemi. Maneno yakisema "Juma alilala" na picha ikaonyesha Juma amelala, mtoto hana la kugundua. Picha hiyohiyo ikiwa na paka anayeingia kwa dirisha, mazungumzo yanazaliwa.

Kisha tazama maneno. Miaka miwili: neno moja au mafungu mafupi. Mitatu: sentensi moja kwa ukurasa. Minne na mitano: mbili hadi tatu. Kibwagizo kinachorudi kila baada ya kurasa chache ni faida kubwa, utaona sababu tukifika kwenye nyimbo.

Ukinunua vya mtumba, kwa wauzaji wa kando ya njia katikati ya jiji au Gikomba, hesabu kurasa. Kinachokosekana mara nyingi ni ukurasa wa katikati, uliochomoka kwenye pini. Vingi vitakuwa na theluji na nyumba za paa jeusi. Hakuna ubaya, lakini rafu yote ikiwa hivyo mtoto hatapata pa kusema "hapa ni kwetu".

Bei ni kali. Naweza kupata wapi bila kutoboka mfuko?

Maktaba kwanza. Huduma ya Maktaba ya Taifa ina makao yake Upper Hill na tawi Buruburu. Za kaunti ni McMillan ya mtaa wa Banda, iliyofunguliwa 1931, na matawi ya Kaloleni na Makadara, yaliyokarabatiwa na kupewa sehemu za watoto. Ulizia saa za kazi kabla ya kupanda matatu na mtoto.

Mtandaoni kuna African Storybook, mradi wa shirika la Saide la Afrika Kusini, na StoryWeaver ya Pratham Books ya India. Zote mbili zina hadithi za picha kwa Kiswahili na lugha nyingine za Kenya, na leseni yake inakuruhusu kupakua, kuchapisha na hata kutafsiri bila malipo. Chapisha saiba (duka la intaneti) kwa nyeusi na nyeupe, mtoto apake rangi. Kosa la kawaida ni kuchapisha kurasa mbili ndogo kwenye upande mmoja ili kubana pesa, kisha picha zinakuwa ndogo kama stempu.

Nataka kukitengeneza mwenyewe. Kinashonwaje?

Unahitaji karatasi 4 za A4, kipande cha manila cha ukubwa huohuo kwa jalada, sindano ya kushonea blanketi, na uzi mnene wa sentimita 50.

Panga karatasi nne juu ya manila, kunja zote pamoja katikati. Umepata kurasa 16 za ndani. Sasa ziandike namba kwa penseli kabla hujachora chochote. Watu huruka hatua hii, wanachora karatasi zikiwa bapa, kisha hadithi inavurugika: karatasi ya nje hubeba ukurasa wa 1, 2, 15 na 16, wala si wa kwanza hadi wa nne.

Ukurasa wa 1 ni wa jina la kitabu. Kuanzia wa 2 hadi wa 15 unapata matandazo saba ya kurasa mbilimbili, na matukio saba yanatosha hadithi ya mtoto wa miaka minne: mtu, tatizo, majaribio matatu, suluhisho, mwisho. Chora au bandika picha upande wa kulia, andika maneno kushoto. Karatasi ya saiba ni nyepesi, wino wa kalamu nene hupenya hadi nyuma, kwa hiyo tumia penseli za rangi. Kreyoni za nta huacha alama kwenye ukurasa wa pili kitabu kikifungwa. Picha za kukata zipo tele: pakiti za unga, kalenda za mwaka jana, vipeperushi vya supamaketi. Lakini picha za watu wa nyumbani kwake, zilizotolewa kwenye simu, ndizo zitakazofunguliwa mpaka zichakae.

Kushona: toboa matundu matatu kwenye mkunjo, moja katikati na mengine sentimita 3 kutoka kila ncha. Anza ndani, sindano itoke nje kwa tundu la katikati, ukiacha mkia wa sentimita 8. Ingia kwa tundu la juu. Ukiwa ndani, ruka la katikati uende kutokea la chini. Rudi ndani kwa la katikati. Hakikisha mikia miwili iko pande mbili za ule uzi mrefu, kisha funga fundo juu yake. Fundo likifungwa upande mmoja kitabu kitalegea. Mwisho, bandika selotepu pana kwenye mgongo.

Muziki unamwongezea mtoto akili?

Swali hili lina historia. Mwaka 1993 Frances Rauscher na wenzake walichapisha kwenye jarida la Nature jaribio la dakika 10 za muziki wa Mozart. Waliosikiliza walikuwa wanafunzi 36 wa chuo kikuu, kipimo kilikuwa cha kufikiria maumbo, na faida iliisha ndani ya takriban robo saa. Hakukuwa na mtoto hata mmoja. Hata hivyo, kufikia 1998 gavana wa Georgia, Marekani, alikuwa akitaka kila mtoto mchanga apewe rekodi ya muziki wa aina hiyo, na kanda za "kuongeza akili" zikauzwa dunia nzima. Usinunue.

Faida ya kweli iko kwa mtoto anayeimba na kupiga mwenyewe. Wimbo unayavuta maneno polepole kuliko mazungumzo, unayakata katika vipande, na kuyarudia. Anayesikia vipande hivyo atapata urahisi atakapokutana na herufi, hasa kwa Kiswahili, ambacho karibu silabi zake zote huishia kwa irabu na hutamkwa zilivyoandikwa.

Kupiga makofi kwa silabi: mbona watoto wanatofautiana na mwalimu?

Mara nyingi mwalimu ndiye amekosea, kwa sababu amelikata neno Kiingereza. "Simba" ni si-mba, si sim-ba. "Ng'ombe" ni ng'o-mbe. "Kondoo" ni makofi matatu: ko-ndo-o. "Maua" pia matatu.

Penye utata ni M na N. Katika "mtoto" M inasimama peke yake, m-to-to, makofi matatu. "Mti" ni mawili, m-ti. Lakini katika "mbuzi" sauti mb ni moja, mbu-zi. Na "mbwa" je? Ni mawili, m-bwa, kwa kuwa shina lake lina silabi moja tu na mkazo unaangukia M. "Nchi" vivyo hivyo, n-chi. Usianze na maneno haya. Anza na paka, meza, nyoka, ndizi. Kisha ya silabi tatu kama samaki na kitabu. M inayojitegemea ije wiki za baadaye.

Nimetunga wimbo wa kufundisha siku za wiki, hawaushiki. Kwa nini?

Kagua mambo matatu.

Mkazo. Neno la Kiswahili huelemea silabi ya pili kutoka mwisho: sa-MA-ki, ki-TA-bu. Ukichukua tuni ya Kiingereza ambayo dundo zito liko mwanzoni, unawaimbisha "KI-tabu", na sikio la mtoto linalikataa. Mkazo ukihama hata maana huhama: baraBAra ni njia ya magari, baRAbara ni sawasawa. Dawa ni kuanza silabi ya kwanza kabla ya dundo, ili dundo liangukie inapostahili.

Kimo. Sauti ya mtoto wa miaka minne hutulia takriban kuanzia Re iliyo juu ya Do ya kati hadi La. Mwalimu, hasa wa kiume, akianza chini sana watoto hunguruma. Akipanda sana wanapiga kelele. Ukisikia kelele badala ya kuimba, shusha mwanzo kidogo usiwagombeze.

Urefu. Mistari minne, noti tatu hadi tano, na mstari mmoja unaorudi. Kuimba kwa kuitikizana, kiongozi anaita na kundi linajibu, kunafaa kuliko wote kuimba kila kitu. Mtoto mwenye haya hujificha kwenye kiitikio mpaka siku atakapotaka kuita mwenyewe.

Sauti yangu ni mbaya.

Mtoto hajali. Imba.

Vyombo gani vinatengenezeka nyumbani, na hatari yake ni ipi?

Kayamba ya chupa ndiyo rahisi. Chukua chupa ya plastiki ya mililita 300, ikaushe siku mbili ikiwa wazi, tia mchele au ndengu robo ya chupa. Ukijaza zaidi ya nusu punje hazina pa kukimbilia na sauti inakufa. Paka gundi ya supaglu kwenye nyuzi za kifuniko, funga, izungushie selotepu. Chupa yenye unyevu huotesha ukungu, na mahindi yasiyokauka huingia fukusi.

Kifuniko kisichogundishwa kitafunguliwa, usiwe na shaka. Ndengu au harage likiingia puani huvimba kwa unyevunyevu na kutolewa hospitalini. Kamwe usitumie mbegu za mbarika, wala zile nyekundu zenye doa jeusi zinazotungwa shanga na kutiwa kwenye kayamba za kienyeji. Zote zina sumu kali, hasa zikitafunwa. Kabla ya kununua kayamba ya matete kwa ajili ya watoto, uliza ina nini ndani.

Ngoma: mkebe wa maziwa ya unga au mtungi wa lita 20 ulioinamishwa. Mikebe ya rangi ya nyumba iacheni. Fimbo iwe fupi kama kiganja na kidole, na ncha izungushiwe kitambaa. Fimbo ndefu hupiga jirani. Kayamba na vijiti vinatosha watoto 20, ngoma iwe moja, tena kwa zamu. Gawa vyombo baada ya kutoa maelezo. Ukivigawa kwanza hakuna atakayekusikia.

Kitabu na wimbo vinaunganishwaje katika kipindi kimoja?

Kwa kile kibwagizo. Tafuta sentensi inayorudi kwenye kitabu, ya maneno manne hadi sita, uitilie tuni ya noti mbili tatu (So na Mi zinatosha, ndizo watoto hutaniana nazo wakicheza). Siku ya kwanza soma tu, ukiimba kibwagizo peke yako. Siku ya pili simama kabla ya kibwagizo, nyanyua mkono, ungoje. Watajaza. Siku ya tatu kila mhusika apewe sauti: kayamba kwa nyoka, vijiti kwa mbuzi, ngoma kwa tembo. Mwenye chombo lazima afuatilie hadithi ili ajue zamu yake, na hapo ndipo usikivu unapojengwa. Kufikia siku ya tano funika maneno, waisimulie kutoka picha hadi picha.

Dakika 15 kwa PP1, 20 kwa PP2. Wimbo wa kuchangamka utangulie na wa polepole umalizie, ukigeuza mpangilio huo utawapeleka kwenye chakula wakiwa wanaruka.

Darasa lina watoto 50, kitabu ni kimoja. Inawezekana?

Ndiyo, ila si kwa kutembea na kitabu safu kwa safu. Wanaongoja hupoteza hadithi na walioona hugeuka kucheza. Tengeneza kitabu kikubwa cha manila nane, herufi za urefu wa sentimita 4 hadi 5, mchoro mmoja kwa karatasi wenye mistari minene. Kikikosekana, soma kwa vikundi vya 12 hadi 15 huku wengine wakichora na msaidizi, kila kikundi kipate siku yake.

Wakae nusu duara, wewe mgongo kwa ukuta. Ukikaa mbele ya dirisha wanaona kivuli. Shika kitabu ubavuni, kidole gumba chini katikati, usome kwa kuchungulia. Mvua ya Aprili ikianza kupiga mabati, funga kitabu. Hakuna koo inayoshinda mabati. Wape vijiti waige mvua: polepole, kwa nguvu, kimya.

Video za nyimbo kwenye simu zinatosha?

Hazitoshi, kwa sababu video haingoji jibu. Mwongozo wa Shirika la Afya Duniani wa 2019 unasema mtoto wa chini ya mwaka mmoja asiwekewe skrini kabisa, wa mwaka mmoja pia haishauriwi, na kuanzia miaka miwili hadi minne isizidi saa moja kwa siku, ikipungua ndivyo bora. Tumia simu kujifunza wimbo wewe, kisha uizime.

Spika iwe mbali na masikio. Ikikulazimu kupaza sauti kuongea na aliye hatua moja kutoka kwako, muziki umezidi.

Mtoto wangu haitikii nyimbo wala hadithi. Nisubiri?

Usisubiri sana. Mtoto wa miezi 12 asiyegeukia sauti ya jina lake, wa miezi 16 asiye na neno hata moja, au wa miaka miwili asiyeunganisha maneno mawili, apimwe masikio kwanza. Uchafu wa sikio na majimaji yanayobaki baada ya mafua hupunguza usikivu bila maumivu, na mtoto huonekana mkaidi tu. Anza na zahanati au hospitali iliyo karibu. Kwa tathmini ya ujifunzaji kuna vituo vya EARC (Educational Assessment and Resource Centre), ambavyo shule ya umma ya karibu inaweza kukuelekeza. Nenda umeandika mambo matatu: maneno anayosema, sauti anazogeukia, na lini ulianza kuwa na wasiwasi.